Arusha inasikika pia: maisha yangu kwenye kazi ya sauti

Kuna ndege anaitwa kookaburra, kwao ni Australia, mlio wake ni kicheko kabisa cha mtu, kinaanza chini kinapanda mpaka unaona huyu sasa atakata pumzi. Afrika hajawahi kuishi. Lakini angalia zile filamu za zamani za Hollywood za msituni, kuanzia zile za Tarzan za miaka ya 1930, utamsikia anacheka juu ya miti ambayo mtazamaji anaambiwa ndo Afrika, na watu kibao duniani wamekua wakijua msitu wetu unalia hivyo. Mi nimezaliwa chini ya mlima Meru, msitu ule nimeulala sana, na hiyo sauti sijawahi kuisikia humo. Nimeanza na huyu ndege kwa sababu kila nikichoka na hii kazi namkumbuka yeye, halafu naamka naenda.

Mi ni mtu wa sauti. Filamu, vipindi vya tivii, makala za wanyama zinazokuja kurekodiwa huku kaskazini, kote huko yule mtu mwenye hedifoni masikioni, begi la rikoda kifuani na fimbo ndefu yenye maiki juu ya vichwa vya watu, ndo kazi yangu. Watu wakisikia kazi ya filamu wanauliza umeigiza wapi, ukisema hapana wanauliza kwa hiyo unashika kamera, ukisema hapana tena wananyamaza. Babu mmoja Machame tulienda kumhoji kuhusu kahawa, nikamwamkia shikamoo babu, akaitikia marahaba mjukuu wangu, wewe ndo wa picha? Nikamwambia hapana babu, mimi nachukua sauti yako tu. Akakaa vizuri kwenye kigoda, akakohoa akasafisha koo, akasema, "Basi wewe ndo wa kuongea na wewe." Na kweli mahojiano yote yule babu aliongea akiniangalia mimi, dairekta alihangaika kweli kumgeuza.

Arusha dunia imeiona vya kutosha. Ile filamu inayoitwa Hatari!, ya dairekta Howard Hawks, ilirekodiwa huku, Momella, ikatoka 1962, John Wayne na wenzake wanakimbiza faru na twiga kwa magari, na ikaingia kushindania Oscar ya upigaji picha. Hardy Krüger, yule mwigizaji Mjerumani, alipapenda mpaka akanunua shamba pale pale Momella akahamia. Kabla ya hapo walikuja akina Grzimek, Wajerumani, baba na mwana, na filamu yao ya Serengeti ikachukua Oscar 1960, ila mwana, Michael, hakuiona hiyo siku maana alikufa Januari 1959 ndege yake ilipogongana na tai angani, akazikwa ukingoni mwa kreta ya Ngorongoro ambapo kila gari la watalii linapita. Na Aprili 2022 Royal Tour, ile filamu ya Rais Samia ya kutangaza utalii, ikazinduliwa kwenye ukumbi wa mikutano wa AICC mji mzima unaongelea hiyo. Sasa muulize mtu yeyote aliyeangalia hivi vitu anakumbuka nini, atakutajia mlima, twiga, vumbi la jioni. Hakuna atakayekwambia alichosikia. Na huko ndo tunapoibiwa kila siku, manake picha ya Meru huwezi kuichanganya na mlima mwingine, lakini sauti wanakuwekea yoyote ile na inapita.

Nilianzia kwenye harusi. Nadhani nusu ya watu wa filamu Tanzania wameanzia kwenye harusi na sioni kwa nini tusiseme kwa fahari, harusi ni shule ngumu. Huwezi kumwambia bwana harusi arudie kiapo, padri hakusubiri, mama mkwe akianza kulia analia mara moja. Ukumbini kila kitu kinatoka kwenye mikisa ya MC, wewe unaomba uchomeke waya wako pale, na yule kijana wa mziki anakupa laini yenye nguvu kubwa kuliko tundu la maiki linavyotaka, usipoishusha kabla haijaingia kwenye kamera sauti yote inapasuka na hotuba ya baba ndo imeondoka hiyo. Kila Jumamosi, kila Jumapili, Kaloleni, Sakina, Usa River, Moshi mjini. Masikio yangu yalifundishwa na akina mama wa kwaya na wajomba wanaoshika maiki kwa kuifunika kichwa.

Lakini mwalimu wangu hasa alikuwa mzee mmoja mstaafu wa redio, jirani yetu, simtaji jina kwa sababu mwenyewe hakupenda kutajwa. Alikuwa na rikoda ya Nagra ya zamani, ile ya mikanda, chuma tupu, nzito. Hizo mashine alizibuni Stefan Kudelski, mhandisi wa Kipolandi aliyekuwa Uswisi, ya kwanza ilitoka 1951, na ndo zilizowatoa watu wa sauti studio wakaanza kutembea na kazi yao begani. Mzee hakunifundisha kubonyeza kitu muda mrefu sana. Alikuwa ananikalisha barazani kwake jioni ananiambia haya funga macho, niambie kuna nini. Namwambia kuna pikipiki. Ngapi? Zinapanda au zinashuka? Nyuma yake je? Kuna mtu anakwangua sufuria. Nyuma yake? Kunguru. Nyuma ya kunguru? Hapo nakwama, na yeye anasubiri tu, hasemi, mpaka na mimi naanza kusikia ule mngurumo wa mbali wa malori ya barabara kuu ambao ulikuwepo muda wote. Ndo kazi yenyewe hiyo jamani. Maiki haina ubongo, inachukua vyote, mwanadamu ndo anayeamua nini kiwe mbele na nini kiwe nyuma, na huwezi kuamua kitu ambacho hukukisikia.

Niseme kidogo kazi inavyoenda maana wengi wanadhani kamera inarekodi yenyewe. Inarekodi, ila maiki yake iko mbali na mdomo na inasikia hadi vidole vya kameramani. Kwa hiyo sisi tunarekodi kwenye mashine yetu pembeni, halafu kile kibao kinachopigwa pa! mwanzoni, klapa, mlio wake na picha yake vinaoanishwa wakati wa kuedit. Tivii yetu ni fremu 25 kwa sekunde, zikiachana chache tu midomo inaanza kumsaliti mtu. Maiki ndefu ile shotigani inakaa kwenye fimbo, hiyo fimbo yote na maiki yake tunaita bumu, halafu kuna vimaiki vidogo vya kubana ndani ya nguo. Upepo ukija unavisha maiki lile koti la manyoya. Nyumba za bati mvua ikianza hamna fundi hapo, masika ya Moshi mwezi wa nne unafunga begi unasubiri, au dairekta mwenye akili anabadilisha scene iwe ya kwenye mvua.

Na friji! Nyumba zetu friji ipo sebuleni, inanguruma, ule mvumo wa umeme ukiingia chini ya maneno ya mtu hautoki bila kuondoka na nyama ya sauti yake. Unamwomba mama mwenye nyumba uizime. Sasa ukizima halafu ukasahau kuwasha, nyama ya watu inaoza na jina lako linaharibika mtaa mzima. Kuna ujanja watu wa sauti duniani kote wanautumia, unaweka funguo za gari yako ndani ya friji, hutaondoka bila kuifungua. Nimefanya hivyo majumba mengi sana, na kuna mama mmoja Kiboriloni alinikuta naingiza funguo pembeni ya maziwa akaniuliza mwanangu unafanya nini, nikamweleza, basi tangu hapo kila nikipita anamsimulia jirani kwamba huyu kijana ana adabu ya friji za watu.

Halafu ikifika mwisho wa scene tunarekodi kimya cha chumba. Watu wote mlioko humo, waigizaji, wa taa, mpishi, watoto wa mwenye nyumba, mnasimama mlivyo hamgusi kitu nusu dakika au dakika nzima, narekodi hewa. Mhariri anaihitaji kuziba pale anapokata maneno, kwa sababu kila chumba kina kimya chake, kimya cha nyumba ya matofali ya kuchoma Njiro sio kimya cha nyumba ya mbao ya Marangu yenye migomba nje. Huku kwetu kuomba kimya ni kazi ya heshima. Huwezi kupiga kelele "kimya!" nyumbani kwa watu wazima. Unaenda unamwinamia mzee, unamweleza, yeye mwenyewe ndo anawaambia wengine, na hapo hata jogoo unaona anajirekebisha.

Sasa nije kwenye kile kinachonigusa hasa. Timu za nje zikija zinakuja na vifaa vizuri mno na watu wanaojua kazi, siwezi kuwabeza, nimejifunza kwao mengi. Ila kuna vitu ambavyo sikio la kuja haliwezi. Chukulia kikao cha wazee wa Kimaasai Monduli chini ya mti, watu wengi wanaongea kwa zamu. Mtu wa bumu inabidi awe ameshafika juu ya msemaji kabla hajafungua mdomo, ukifika ameshaanza neno la kwanza limekufa, na wazee wa huku neno la kwanza ndo linabeba uzito wa yanayofuata. Mgeni anasubiri asikie sauti ndo ahamishe fimbo, kwa hiyo anachelewa kila mara. Sisi tunamuona mzee anasogeza fimbo yake, anavuta pumzi, mwenzake anaanza kumaliza kwa ile sauti inayoshuka, tunajua zamu imehama. Kimaasai changu sio kizuri hivyo lakini adabu ya kikao naijua, inatosha kunipeleka mahali kwa wakati.

Au shanga. Mama wa Kimaasai amevaa zile duara pana za shingoni na hereni ndefu, kila akigeuza kichwa zinagongana, na kimaiki cha kubana ukikiweka kifuani unarekodi shanga tupu. Nimeshuhudia mtu anamwomba mama avue. Mama hakusema kitu, alivua, na mahojiano yakawa mafupi na makavu, manake umeshamvua mtu heshima yake halafu unamuuliza habari za maisha yake. Mi huwa naacha kimaiki kabisa, naleta bumu kutokea juu mbele kidogo ya paji la uso, naibana karibu kadiri fremu inavyoruhusu, na shanga naziacha zisikike kwa mbali kwa sababu ndo sauti yake huyo mama, watoto wake wanamtambua kwa huo mlio akiwa anakuja kabla hajaonekana. Mhariri anayezifuta zote kwa programu anafuta mtu.

Na nyimbo zao! Olaranyani, yule kiongozi wa wimbo, anaimba mbele, wanaume wanamjibu kwa ule mvumo wa kifuani, ukiweka maiki kwa mwimbaji peke yake umepata nusu ya wimbo na hiyo nusu sio ya muhimu. Unaweka maiki mbili katikati wanapozunguka, unarudi nyuma, unaacha.

Upande wa wanyama ndo kuna siri ambayo watazamaji wengi hawaijui. Simba unayemuona karibu hivyo kwenye tivii, kamera ilikuwa mbali, lenzi ndo ilimvuta. Sauti haivutwi hivyo. Inasafiri takriban mita 340 kwa sekunde, kwa hiyo mnyama akiwa umbali huo mdomo unafunguka na ngurumo inakufikia sekunde nzima baadaye, imechanganyika na upepo na injini ya Land Cruiser ya watalii. Kwa hiyo sehemu kubwa ya unachosikia kwenye makala za wanyama, nyayo, kutafuna, majani, imetengenezwa studio na mafundi wanaokaa mbele ya skrini na vitambaa na viatu na mchanga, kazi ambayo imebeba jina la Jack Foley wa studio ya Universal aliyeianza enzi filamu zinaanza kuongea. Hao mafundi nawaheshimu sana, ni wasanii kamili. Lakini wanatengeneza wanachokidhania. Tembo wanampigia kishindo, du, du, du. Jamani, tembo hana kishindo! Ana mto mnene wa mafuta chini ya unyayo, anaweza kupita nyuma ya hema lako usijue. Unachosikia tembo akiwa karibu ni nyasi zinang'olewa na tumbo linaunguruma, na zile ngurumo wanazoongea wao kwa wao nyingine ziko chini ya 20 Hz, sikio la mtu halifiki huko, unahisi kifuani tu. Mtu aliyekaa Tarangire na tembo hawezi kumpa kishindo. Ndo maana nikipata nafasi ya kubaki porini nyuma ya timu ya picha, hata saa moja, natega maiki nakaa nao, halafu nampelekea mhariri na maelezo mafupi, hii hapa ndo sauti, tumia hii.

Usiku mmoja kwenye msitu wa Meru dairekta mgeni alitoka hemani mbio akijua kuna kitu kinauawa. Perere. Mnyama mwenyewe saizi ya sungura, yuko juu ya mti, anaanza kwa kukwaruza taratibu kama mlango wa mbao uliokosa grisi, anaongeza, anaongeza, mpaka anafika kwenye ukelele ambao kweli usipomjua utasali. Wachaga na Wameru wanamjua tangu utotoni. Nilimvalisha dairekta hedifoni zangu, nikamgeuzia maiki, akakaa chini kwenye majani mabichi akasikiliza mpaka perere wa mlima wa pili akamjibu wa kwanza. Ile sauti iliingia kwenye filamu, haikuwa kwenye script kabisa, na mpaka sasa nikiisikia pale ilipowekwa najivunia kuliko kitu kingine nilichofanya.

Mlimani Kilimanjaro ni habari nyingine, nitapita haraka. Betri zinakufa kwa baridi, unalala nazo ndani ya begi la kulalia. Mgumu, ndo tunavyowaita wapagazi wa mlima, ana haki ya kubeba kilo 20 na sio zaidi, kwa hiyo vifaa vinapangwa kama dawa. Ukipita Barafu, ile kambi ya mita 4,673, kilichobaki kurekodi ni pumzi za watu, na pumzi yako mwenyewe inaingia kwenye maiki, unajifunza kuibana maneno yanapotoka. Kileleni, mita 5,895, oksijeni unayoivuta ni kama nusu ya ya pwani, na watu wanataka ulie nao na urekodi hapo hapo. Nawapenda wagumu wale. Nyimbo zao nimezirekodi nyingi na nazitunza.

Kuhusu hela na heshima, siwezi kunyamaza. Kwenye kazi zetu za ndani bajeti inaenda kwa kamera, inaenda kwa droni, inaenda kwa nguo, sauti inakumbukwa siku moja kabla. Prodyuza mmoja aliniambia usijali tutarekebisha kwenye kuedit. Hakirekebishiki! Mtazamaji anavumilia picha yenye chenga, amekulia kwenye tivii za chogo, anavumilia giza, ila asiposikia mwigizaji anasema nini anabadilisha chaneli, na hiyo ni kwa bibi yangu sawasawa na kwa mtu wa Ulaya. Halafu kinanda kinamwagwa juu kufunika. Sisemi kwa dharau, hizo filamu zimelisha familia nyingi na waigizaji wake nawapenda, nasema kwa sababu maneno yale yaliandikwa na mtu na yakasemwa na mtu kwa machozi ya kweli, na yamezama. Hollywood wenyewe walianza kutoa Oscar ya sauti 1930, filamu zina miaka michache tu tangu zianze kuongea, walielewa mapema. Anayeanza leo namwambia anunue hedifoni nzuri kabla ya kamera, ayalinde masikio pia, maana masaa nane kwenye kelele ya desibeli 85 ndo mwisho wa usalama na baa zetu wikendi zinapita hapo hata muziki haujapamba moto. Na siku ya kazi yako na kukodisha vifaa vyako ni bei mbili tofauti, ziandike mbali mbali kwenye ankara. Na jina lako mwishoni. Dai kabla ya kuanza.

Siku hizi nikiwa sina kazi ya mtu natembea na rikoda kufanya yangu. Nimerekodi mifongo ya Uchagani, ile mifereji ya wazee inayoteremsha maji toka msituni, kila mmoja unalia kivyake kutegemea mawe na mteremko, na mingine imeshakauka. Nimerekodi soko la Mbuyuni kabla halijachangamka, kengele za ng'ombe Ngaramtoni, kilabu cha mbege mchana. Vyote naviandika mahali, saa, mwezi, nani alikuwepo, ili mhariri popote alipo akitaka Moshi apate Moshi.

Na nafundisha. Dada mmoja wa Soweto, Moshi, alianza kwa kunibebea nyaya, sasa hivi anashika bumu vizuri kuliko mimi, ana mikono mitulivu na anasikia Kichaga cha Rombo na cha Machame vyote, kwa hiyo wazee wakianza kutaniana yeye ameshajua kicheko kinatokea upande gani. Wiki iliyopita timu moja ya makala imemwita Serengeti moja kwa moja, haikupitia kwangu. Amenitumia picha ya karatasi ya ratiba, jina lake lipo, na mbele yake pameandikwa sauti, sio msaidizi. Nimempa shotigani yangu aende nayo, na koti la manyoya la upepo, maana mwezi huu kule unavuma kweli.